Filamu bila mswada: pesa itieni kwenye sauti

Wenzangu mnaopanga kurekodi filamu ya kubuni papo hapo, mkiwa na simu na nauli ya matatu tu, hicho kidogo mlicho nacho kitieni kwenye sauti. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza, lakini maneno asipoyasikia atazima. Tena waigizaji wenu hawakukariri kitu. Sentensi tamu ikipotea, hairudi ilivyokuwa.

Kila mwigizaji awe na simu yake mfuko wa kifuani, kwenye hali ya ndegeni, inarekodi sauti. Kabla ya kuanza piga kofi moja kubwa mbele ya kamera. Kofi hilo ndilo utakalolinganishia sauti na picha ukihariri.

Mji wa Kale, Mombasa, vichochoro vina mwanga mzuri sana jioni, ila adhana ikiingia kwenye rekodi halafu ukakata katikati, kila mtu atasikia sauti ikiruka. Jueni nyakati za swala, mnyamaze, mngoje. Ufuoni wakati wa kusi upepo hula kila neno. Hamieni uani kwa mtu. Na msiondoke popote bila kurekodi dakika 1 ya mahali penyewe pakiwa kimya, itawafaa kuziba mapengo ya sauti mkihariri.

Leseni ya kurekodi filamu ni takwa la sheria Kenya, ulizieni mapema.

Waigizaji nao, mnong'oneze kila mmoja kando kile anachokitaka mhusika wake, asimwambie mwenziwe. Mmoja amekuja kudai deni, mwingine anataka kuaga asafiri usiku huohuo. Washa kamera, usiwakatize.