Miguu Nyali, Kafi Tudor

Tazameni kwanza jedwali la maji kujaa na kupwa la bandari ya Kilindini, Mombasa. Anzeni kutembea Nyali kuelekea Bamburi saa mbili kabla ya maji kupwa kabisa, mchanga ukiwa mgumu. Viatu, si ndala: miambani kuna miiba. Maji ya kunywa lita 3 kila mtu.

Kayaki ziingizeni Hori ya Tudor maji yakijaa, yawasukume hadi mikokoni. Yakianza tu kutoka, geuzeni. Mkichelewa mtakwama topeni.

Ukipinduka, usiiache kayaki hata kidogo! Igeuze, shika ukingo wa pili, piga mateke hadi ulale kifudifudi juu yake, ndipo uketi. Wengi hujaribu kupanda wima, ikaelemea upande mmoja, wakapinduka tena. Jaketi la kujiokoa lifungwe tangu ufukweni.