Kumfuatilia Valérie Lagrange: filamu na santuri kwenye jedwali moja

Anza na jina. Valérie Lagrange, mwigizaji na mwimbaji wa Ufaransa, alizaliwa Paris mwaka 1942 akiitwa Danielle Charaudeau. Katika data.bnf.fr, tovuti ya Maktaba ya Taifa ya Ufaransa, majina ya msanii na kazi zake hukusanywa pamoja. Tafuta pia "Valerie" bila alama juu ya e, maana orodha nyingi huiacha.

Chora jedwali la safu nne: mwaka, kazi, nafasi yake, umeithibitisha wapi. Filamu na nyimbo zikae humo humo. Wengi huzitenga, kisha wanashangaa: mwigizaji wa miaka ya 60 anafifia, halafu mwimbaji mpya anazuka mwaka 1980 na "Faut plus me la faire". Hakuzuka. Katikati ya miaka ya 60, akiwa bado anaigiza, alikwisha kurekodi "La Guérilla" ya mtunzi Serge Gainsbourg.

Upande wa filamu, mwanzo ni La Jument verte ya 1959. Amua mapema kama utaandika mwaka wa kupiga picha au wa kuonyeshwa. Ukichanganya, mfuatano wote unapinda. Filamu zilizotengenezwa na Ufaransa pamoja na Italia huwa na majina mawili, kwa hiyo Les Tribulations d'un Chinois en Chine (1965) huhesabiwa mara mbili kirahisi. Dawa yake ni namba ya kibali cha maonyesho, "visa", kwenye maandishi yanayoonyeshwa ndani ya filamu: jina hubadilika, namba haibadiliki. Tena angalia Un homme et une femme (1966), ambamo mhusika wake naye anaitwa Valérie. Wanaonakili haraka hukosea hapo, wakaliandika jina la mhusika mahali pa mwigizaji.

Santuri ndizo zenye kazi. Ile ndogo ya Kifaransa ya mizunguko 45 kwa dakika, ya miaka ya 60, kwa kawaida ina nyimbo nne, mbili kila upande, lakini orodha za wauzaji mara nyingi hutaja ule wa kwanza tu. Geuza jalada, usome zote. Majina yaliyo chini ya wimbo ni ya mtunzi wa maneno na wa muziki, si ya mwimbaji. Ndiyo maana kumtafuta kama mtunzi katika kumbukumbu za SACEM, chama cha haki za watunzi wa muziki Ufaransa, hakutakupa "La Guérilla". Kama lebo ya katikati ya santuri haina mwaka, nakili namba ya toleo pamoja na ile iliyochongwa karibu na kitovu cha santuri, uzilinganishe na nakala nyingine. Jalada jipya laweza kuwa limebeba rekodi ya zamani.

Vipindi vya televisheni vitafute INA, hifadhi ya taifa ya redio na televisheni ya Ufaransa. Gallica, maktaba ya kidijitali ya Maktaba ya Taifa, usiitegemee sana: haki miliki huyazuia magazeti mengi ya zama zake.

Albamu ya 2003, Fleuve Congo, aliyoifanya na mwanamuziki Benjamin Biolay, itafute pamoja na jina lake, la sivyo utaletewa ramani za mto.