Kutengeneza filamu ya maisha yako ukiwa unaishi na skizofrenia

Mara ya kwanza nilipokubali kurekodiwa, mpiga picha alisubiri nizidiwe na skizofrenia, ugonjwa wa akili unaoweza kumfanya mtu asikie sauti zisizokuwepo, ndipo awashe kamera, na kilichobaki ni dakika chache za mtu anayepiga kelele, bila neno lolote kuhusu miezi niliyokuwa nikienda kazini kama watu wengine. Kwa hiyo anza na ridhaa. Iandike ukiwa umetulia, mbele ya ndugu unayemwamini, na itamke wazi kwamba ukizidiwa kamera itazimwa, kwamba utaitazama filamu kabla ya mtu mwingine yeyote, na kwamba unaweza kuondoa kipande chochote hata kama awali ulikikubali. Hapa Tanzania, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inazihesabu taarifa za afya kuwa nyeti. Kibali cha Bodi ya Filamu kiombwe kabla ya kuanza kurekodi.

Usiache dawa ili uonekane mchangamfu. Haloperidoli, mojawapo ya dawa za ugonjwa huu, inaweza kukakamaza misuli na kutetemesha mikono. Hilo mweleze daktari wako, na kamera iweke kwenye stendi. (Mikono yangu ikitetemeka wakati wa kumimina chai ndiyo picha ninayoipenda kuliko zote, basi usiwe mwepesi wa kuificha.) Uhariri ufanyike mchana, maana kukosa usingizi ni miongoni mwa mambo yanayoweza kuurudisha ugonjwa.

Kazi kubwa imo katika sauti. Watu hudhani sauti anazosikia mgonjwa zina mwangwi mzito kama za mizimu ya sinema, ilhali zangu zilifanana na mazungumzo ya majirani nyuma ya ukuta, na ndiyo sababu niliziamini. Nenda mwaloni Kirumba, soko la samaki jijini Mwanza, asubuhi mapema, urekodi wachuuzi wa dagaa wakipatana bei. Kisha, chini ya kelele hizo, tia sauti moja tulivu ya rafiki yako ikilitaja jina lako, kwa kiwango ambacho mtazamaji atajiuliza kama kweli ameisikia. Jaribu kwanza kwa dakika moja, ukiwa na mtu karibu. Zoezi likianza kukuchokoza, vua hedifoni, umwachie rafiki alimalize.

Wazazi nao wahojiwe, lakini bila kusutwa. Familia nyingi huku kwetu hupita kwanza kwa mganga ndipo zipande kilima cha Bugando, ilipo hospitali ya rufaa, kutafuta daktari, na mama akiulizwa kwa upole alichokiogopa wakati huo atasema mambo ambayo hakuna mtaalamu angeweza kuyasema kwa niaba yake. Takwimu moja inatosha: Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba takriban mtu mmoja kati ya 345 duniani ana ugonjwa huu.

Onyesho la kwanza lifanyike nyumbani, kwa watu wasiozidi kumi, akiwepo muuguzi au mtu mwingine anayeweza kujibu maswali ya tiba, nawe uketi karibu na mlango ili uweze kutoka nje bila kumwomba mtu akupishe.