Jinsi ya kutengeneza dansi ya kisiasa bila kuigeuza hotuba

Watu wengi wakitaka dansi inayogusa siasa wanakimbilia mabango, ngumi juu na sauti ya hotuba kwenye spika, mtazamaji anatoka pale amesikia kile kile alichokisoma asubuhi kwenye simu. Kama ndo hivyo bora upande jukwaani uhutubie tu.

Anza na kitendo cha mwili. "Dhuluma" huwezi kuicheza, ila kupanga foleni, kusachiwa, kusukumwa, kusubirishwa, hivyo vinachezeka. Angalia LasTesis, kundi la wasanii wanawake wa Chile, mwaka 2019, kazi yao ilihusu ukatili dhidi ya wanawake na ndani ya hatua zao nyepesi kuna mahali wanachuchumaa mikono ikiwa nyuma ya kichwa, sasa ile sio urembo, wanawake waliokamatwa na polisi walikuwa wanachuchumalishwa hivyo wakati wa kusachiwa. Na kwa kuwa hatua zenyewe hazihitaji dansa mzoefu, kazi ikasambaa nchi kibao.

Ukishapata kitendo kichezee mazoezini, kipunguze kasi mpaka kiudhi, mpe mtu mmoja peke yake, alafu wape wote kwa pamoja, rudia rudia mpaka kianze kusema kitu ambacho hukukipanga. Kurudia kuna nguvu sana aisee. Kurt Jooss, mtunzi wa dansi wa Ujerumani, mwaka 1932 alitoa dansi inaitwa The Green Table (Meza ya Kijani), inaanza na mabwana wenye barakoa wamezunguka meza wanabishana kwa adabu zote, mara bastola zinalia, vita inaanza, watu wanakufa, na mwisho mabwana wale wale wako kwenye meza ile ile wanabishana tena. Nchi haikutajwa wala kiongozi, na bado kila mtu anaelewa anasemwa nani.

Muziki ungoje kwanza. Ukiuweka mapema wenyewe ndo utamwambia mtazamaji alie wapi, na mwili utabaki kusindikiza tu.

Alafu mahali, hapa usiwe na haraka maana mahali panaweza kubeba nusu ya kazi. Erdem Gündüz ni mtunzi wa dansi wa Uturuki, Juni 2013 polisi walikuwa wameshawatimua waandamanaji kwenye uwanja wa Taksim, Istanbul, yeye akaenda pale pale akasimama. Basi, kusimama tu, mikono mfukoni, kimya, karibu masaa nane, na watu wakaanza kuja kusimama naye. Kitendo hicho hicho ukikifanya studio ni zoezi la kawaida, ila pale polisi wanabaki wanajiuliza wamkamate kwa kosa gani. Kwa hiyo nenda mahali pako mapema, kaa, tazama nani anapita, nani analinda, mtu akisimama bila kazi anaulizwa baada ya muda gani.

Sasa kabla ya shoo ongea na madansa wako mmoja mmoja, sio kwenye kikao maana kwenye kikao kila mtu ni shujaa, uliza nani yuko tayari kuonekana sura na nani hataki, na anayetaka kujitoa ajitoe bila kununiwa. Kubalianeni ishara ya kusimamisha kila kitu, na muwe na namba ya wakili.

Karatasi ya maelezo ya kugawa mlangoni iwe fupi, usianze kufafanua kila hatua, weka jina la kazi na majina ya wachezaji, wale tu waliokubali kutajwa.