Wageni wanatoka Mombasa, harusi iko Mbale: jinsi ya kuwalisha chakula cha kwetu

Mgeni hajakaa kwenye basi usiku kucha kutoka Mombasa, akavuka mpaka wa Malaba macho mekundu, ndo aje kula pilau ambayo mama yake anaipika kukushinda wewe. Naanza na hilo manake kila kikao cha maandalizi nikikaa nasikia maneno yaleyale, "tuwapikie vitu walivyozoea", alafu mpishi wa pilau analipwa pesa nyingi na malewa ya bibi, vile vichipukizi vya mianzi, yanabaki jikoni yanaliwa na wapishi. Nimepika kwa harusi tatu za ndugu hapa Mbale, mashariki mwa Uganda, mbili wakwe wa Pwani na moja wa Dodoma, na nimekosea vya kutosha, kwa hiyo chukua hizi zitakusaidia.

Kwanza, usiku ule wanafika usijaribu kitu. Watu wamechoka, tumbo limejaa soda na biskuti za njiani, ukimuwekea mtu chakula asichokijua saa nne usiku atasema ameshiba na asubuhi ataendelea kuogopa. Wape wali, samaki ngege wa kukaanga na mchuzi, chapati, chai ya maziwa yenye tangawizi, matooke, ndizi zetu za kupondwa, weka kidogo pembeni anayetaka achote. Chakula chenu kinatoka siku ya harusi, saa watu wana njaa na furaha.

Kabla hata hujanunua kitu, piga simu upande wao. Usiwapigie watu kumi, mtafute yule shangazi mmoja anayejua ya kila mtu, muulize nani hali karanga. Jikoni kwetu karanga ziko kila mahali, kwenye malewa ziko, kwenye sosi ziko, hata mboga za majani mtu anaweza kukutilia kidogo bila kukwambia, na kuna mtu karanga zinamvimbisha koo mpaka anakosa pumzi, hiyo si ya kucheza nayo. Akiwepo mtu wa hivo, sufuria yake ikae mbali na iwe na mwiko wake, na mpakulie wewe mwenyewe. Mambo ya kuchinja pia mmalize mapema, nani anachinja na wapi, manake kwetu majirani wote wanakuja kusaidia na wengine wanakuja na kuku wao tayari wamechinjwa. Na mzee mwenye chungu chake cha malwa, pombe ya ulezi, na mirija, aheshimiwe, lakini awekewe kivuli nyuma ya nyumba mbali na jiko.

Sasa matooke. Hapa ndo nilipata aibu mara ya kwanza. Watu wa Pwani wanaijua ndizi, lakini yao inakatwa vipande inapikwa na nyama au na nazi, unaiona kwenye sahani kama ndizi. Mimi nikawawekea yetu, imepondwa, ya njano, laini, bila kusema neno, nikaondoka zangu. Shangazi mmoja wa bwana harusi akanigusa bega akaniuliza pole pole, "Mwanangu, hiki cha mtoto gani?" Alidhani ni chakula cha mtoto aliyeota meno juzi! Tulicheka baadaye, ila siku ile sinia zima lilirudi.

Kwa hiyo, mikungu inunue mibichi kabisa, siku moja au mbili kabla, isizidi, ikianza kuiva inakuwa tamu na haifai. Mkungu wa wastani mimi nahesabu watu 12 hadi 15 kama kuna vyakula vingine. Wamenyaji wapake mafuta mikononi na wavae nguo za kazi, utomvu wa ndizi ukishika kanga nzuri hautoki, utabaki nao mweusi mpaka kanga ichanike. Chini ya sufuria panga vipande vya mgongo wa jani la mgomba ndo maji yasiguse chakula, juu yake majani, ndizi zifungwe kwenye majani kama mzigo, funika na majani mengine mpaka mvuke usipate pa kutokea. Masaa mawili na zaidi juu ya kuni. Alafu unatoa mzigo, unauminya kwa mikono huku umefungwa hivohivo kwenye majani, unaurudisha kwenye moto mdogo ukae tena. Hapo ndo inapata ile harufu ya jani na ule ulaini. Na itolewe ya moto! Matooke iliyopoa inakuwa ngumu kama sabuni na mgeni akianza na hiyo umempoteza, hata ukimletea nyingine nzuri hakuamini tena. Kwa hiyo usiifungue yote, fungua mzigo mmoja mmoja kadiri watu wanavyokuja.

Na huu ndo ujanja uliotuokoa harusi ya pili. Bafe haifai kwa chakula ambacho mtu hakijui, mtu yuko kwenye foleni, nyuma yake watu wanasukuma, anaona kitu hakielewi, anaruka anaenda kwa wali. Tukakumbuka kwamba wale watu nyumbani kwao wanakula sinia moja watu wanne watano. Basi tukaweka masinia, jani la mgomba chini, matooke katikati, na vibakuli pembeni, kimoja sosi ya karanga, kimoja malewa, kimoja nyama ya mchuzi, na wali kidogo upande. Kila sinia tukakalisha mtu wetu mmoja, binamu, dada, jirani, mradi anajua Kiswahili na hana haya. Yule anamega kwanza, anachovya, anakula, wenzake wanafuata. Mtu anayeonja huku ameketi na mwenzake anacheka haogopi kama yule amesimama peke yake na sahani.

Huyo mtu wa sinia mfundishe kuongea vizuri pia, kuna neno linatuponza. Kwetu Uganda "chakula" ni matooke, posho yaani ugali wa mahindi, viazi, muhogo, hivo vya kushibisha, na kinachomiminwa juu ni sosi, na kwa wazee wengine hata wali hauhesabiwi chakula. Kijana wetu mmoja alimwambia mgeni "chakula kimeisha, imebaki wali na nyama". Mgeni akabaki anamwangalia tu.

Sosi ya karanga ni rahisi ila inataka mtu asimame nayo. Unga wa karanga uchanganye na maji baridi kwanza mpaka usiwe na mabonge, weka vitunguu na nyanya, moto mdogo, koroga, usifunike, ikichemka imefunikwa inafurika yote kwenye kuni. Subiri mpaka uone mafuta yanaelea juu, isipoiva inasumbua tumbo na wageni wana safari ya kurudi.

Malewa ndo fahari yetu huku, vichipukizi vya mianzi kutoka mlimani Elgon, vinakaushwa kwa moshi, sokoni utaviona vimefungwa mafungu vinanukia moshi kutoka mbali. Mnunulie mama unayemjua, na loweka usiku mzima. Asubuhi chemsha, mwaga maji, chemsha tena mpaka ukibana kwa kidole inakubali, ndo ukate vipande vidogo na uingize kwenye karanga zilizosagwa na chumvi, moto wa chini, taratibu. Harusi ya kwanza tulikuwa na haraka, hatukumwaga maji ya kwanza, ikatoka na uchungu na moshi mkali mpaka sisi wenyewe tulikunja uso. Usiiite uyoga kurahisisha mambo, nimesikia watu wanafanya hivo. Sema ni mianzi, watu wanapenda kusikia, utaona simu zinatoka kupiga picha.

Luwombo, kuku au nyama ya kupikwa ndani ya jani la mgomba, ni ya Buganda, si ya huku, lakini siku hizi iko kwenye harusi zote na wageni wameisikia. Ushauri wangu, wapikie wakwe wa meza ya mbele tu. Jani lazima lipitishwe kwenye moto lilegee, mgongo wake ukwanguliwe, kila mtu na kifungu chake cha kuku, ukitaka kufanya hivo kwa watu 200 wapishi watakukimbia. Na kifungu kisifunguliwe jikoni, kifike mezani kimefungwa, mkwe akifungua mwenyewe ule mvuke ukampiga usoni hapo amekula nusu tayari.

Kalo yaani ugali wa ulezi, posho, viazi vitamu, weka kidogo kidogo, hakuna maelezo mengi.

Kinywaji, bushera tamu isiyochachuka, ule uji mwepesi wa mtama au ulezi, juisi ya nanasi, maji ya chupa kwa wageni. Lakini usisahau kahawa. Kahawa ya Bugisu, eneo letu hili, inauzwa nchi za nje na sisi tunawapa wageni soda! Watu wa Pwani wanajua kahawa chungu yenye tangawizi kwenye vikombe vidogo, basi chemsha ya kwetu hivohivo, weka na tende. Wazee wao walikaa na birika lile mpaka saa kumi na moja jioni, hakuna aliyeulizia kitu kingine.

Wakiondoka watataka kubeba. Matooke mbichi itaiva njiani, wape malewa kavu, ni mepesi na hayaozi, funga kwenye gazeti na uandike kwa kalamu juu ya gazeti: loweka usiku mzima, mwaga maji mara mbili, ndo upike. Andika, usiseme kwa mdomo tu. Shemeji yetu tulimwambia kwa mdomo, wiki mbili baadaye akapiga simu kutoka Mombasa kuuliza kama tumempa chakula au kamba ya kufungia mbuzi, amekaanga tangu saa nne asubuhi na bado anatafuna.