Taa ya Upepo wa Matairi: Kuielewa na Kutafuta Kinachoiwasha

Mtu anayepokea gari lililotumika kutoka Japani au Uingereza, liwe limepitia bandari ya Dar es Salaam au ya Mombasa, mara nyingi hulikuta na taa ndogo ya manjano kwenye dashibodi, yenye umbo la tairi lililokatwa wima na alama ya mshangao katikati. Huuliza, huambiwa kuwa "ni sensa tu", yaani kifaa cha kupimia upepo ndicho kibovu, na baada ya wiki mbili jicho lake huizoea taa hiyo kiasi cha kutoiona tena. Jibu hilo huenda likawa la kweli. Lakini huenda pia tairi la nyuma limebakiwa na nusu ya upepo wake, kwa kuwa taa ni hiyo hiyo moja kwa hali zote mbili. Kwa hiyo, kabla ya kununua sensa, kabla ya kubonyeza swichi yoyote, na hasa kabla ya kumruhusu fundi aifunike taa kwa utepe mweusi, ni lazima kwanza kujua inasema lipi kati ya mambo hayo mawili.

Washa gari na uitazame taa hiyo peke yake kwa dakika mbili kamili. Gari likiwa zima, yaani halina hitilafu katika mfumo huu wa kufuatilia upepo wa matairi, taa huwaka kwa sekunde chache pamoja na taa nyingine na kisha huzimika. Ikiwaka moja kwa moja bila kupepesa, mfumo unafanya kazi na unakuambia kwamba angalau tairi moja limepungua upepo. Ikianza kwa kuwaka na kuzima mfululizo kwa muda wa dakika moja hadi dakika moja na nusu, halafu ikabaki imewaka, basi katika magari mengi maana yake ni kwamba mfumo wenyewe ndio wenye hitilafu na hauwezi kusoma hali ya matairi. Na isipowaka kabisa hata unapowasha gari, ama gari halina mfumo huu, ama kuna aliyeing'oa taa, na hilo la pili si jambo la nadra katika magari yaliyopita mikononi mwa watu kadhaa.

Hali ya kupepesa ndiyo inayohitaji uangalifu zaidi kuliko watu wanavyodhani, kwa sababu taa iliyokwisha kuwaka kwa ajili ya hitilafu haina namna nyingine ya kukuonya tairi linapoishiwa upepo. Nilisafiri kwa miezi kadhaa na gari la namna hiyo, nikiamini kuwa tatizo ni betri ya sensa. Siku moja nikielekea Dodoma nilisimama Morogoro kupima matairi kwa desturi tu, nikakuta tairi la nyuma kushoto lina PSI 19 (PSI ni kipimo cha mgandamizo wa upepo) badala ya 33, na msumari umezama katikati ya kashata zake, yaani vipande vya mpira vinavyokanyaga barabara. Kwa kilomita ambazo siwezi kuzihesabu, ubavu wa tairi lile ulikuwa ukijikunja na kujikunjua kila lilipozunguka, na mkunjo huo ndio unaozalisha joto linalotenganisha tabaka za tairi hadi likapasuka.

Ajali zilizotokana na matairi kutengana ndizo zilizosababisha mfumo huu kuwekwa kisheria. Nchini Marekani, baada ya mamilioni ya matairi ya Firestone kurudishwa kiwandani mwaka 2000, Bunge lilipitisha sheria mwaka huo huo, na kuanzia Septemba 2007 kila gari dogo jipya lilitakiwa kuwa na taa inayowaka upepo unapopungua kwa asilimia 25 chini ya kiwango cha mtengenezaji. Umoja wa Ulaya uliyalazimisha magari madogo yote mapya kuanzia Novemba 2014. Magari mengi yaliyotengenezwa kwa ajili ya soko la Japani, kwa upande mwingine, hayana mfumo huu, na ndiyo maana magari mawili ya jina moja na mwaka mmoja yanaweza kutofautiana, moja likiwa na taa na jingine likiwa halina.

Ile asilimia 25 inafaa kufikiriwa vizuri. Ikiwa tairi linatakiwa kuwa na PSI 33, taa iliyopangwa kwa kipimo cha Marekani inaweza kukaa kimya hadi upepo ufike karibu PSI 25, kiwango ambacho tayari ni cha hatari kwa gari lililojaa abiria na mizigo likikimbia katika jua la mchana. Taa iliyozimika, kwa hiyo, haithibitishi kuwa matairi yako sawa.

Aina mbili za mfumo

Mfumo wa moja kwa moja una sensa ndani ya kila gurudumu, iliyofungwa kwenye shina la valvu upande wa ndani wa rimu. Sensa hiyo ina betri yake, hupima upepo na joto, na hutuma taarifa kwa redio kwenda kwenye kompyuta ya gari. Gari likisimama, sensa hupumzika ili kutunza betri, na huamka tena gari linapokwenda, kwa kawaida likifikia mwendo wa kilomita 25 hadi 30 kwa saa. Dashibodi ikikuonyesha tarakimu za kila tairi, bila shaka una mfumo huu. Shina la valvu la chuma lenye nati pia ni dalili nzuri, ingawa ziko sensa zinazotumia shina la mpira, kwa hiyo mpira pekee hauthibitishi kuwa hazimo.

Mfumo usio wa moja kwa moja hauna chochote ndani ya tairi. Hutumia sensa za ABS (mfumo unaozuia magurudumu yasikwame unapofunga breki kwa nguvu) zinazohesabu mizunguko ya magurudumu: tairi lililopungua upepo huwa na nusukipenyo kidogo zaidi, hivyo huzunguka mara nyingi zaidi kuliko mengine katika umbali ule ule. Mfumo huu ni rahisi kuutunza, lakini ule wa kale hauwezi kugundua matairi yote manne yakipungua kwa pamoja, na hukanganyikiwa ukifunga tairi moja jipya pamoja na matatu yaliyolika, au tairi la akiba la ukubwa tofauti. Taa yake ikiwaka pamoja na taa ya ABS, usihangaike na matairi; tafuta kwanza sensa ya ABS iliyoharibika au waya wake uliokatika karibu na gurudumu.

Pima kwanza

Hatua ya kwanza, taa iwe inapepesa au haipepesi, ni geji. Nunua yako mwenyewe na uiweke ndani ya gari, kwa sababu geji zinazopita mikono mingi huanguka na kupoteza usahihi. Pima matairi yakiwa yamepoa, yaani gari limesimama kwa saa tatu au zaidi. Kiwango sahihi kimeandikwa kwenye karatasi iliyobandikwa kwenye nguzo ya mlango wa dereva. Namba iliyochapwa ubavuni mwa tairi ni kikomo cha tairi lenyewe na si kiwango cha kujaza. Magari ya Japani huandikwa kwa kPa (kilopaskali), hivyo 220 ni sawa na PSI 32, 230 ni kama 33, na 250 ni kama 36. Pima na tairi la akiba, kwani katika baadhi ya magari nalo lina sensa, na linaweza kuiwasha taa huku manne yaliyo chini yakiwa hayana kasoro.

Upepo hubadilika na joto, takriban PSI 1.5 kwa kila nyuzi 10. Ndiyo maana asubuhi ya Julai huko Njombe au Mbeya taa inaweza kuwaka na kisha kuzimika mchana. Tairi hilo halina pancha, bali lilikuwa karibu na mpaka tangu jana yake. Mwinuko nao una sehemu yake. Mbeya iko kama mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, ambako hewa ya nje ni nyepesi, na tairi lililojazwa huko likishushwa hadi Dar es Salaam litasomeka pungufu kwa zaidi ya PSI 2, ingawa joto la pwani hurudisha sehemu ya upungufu huo. Anayehama kati ya Nairobi na Mombasa atakutana na jambo hilo hilo. Ukifika, pima upya asubuhi inayofuata.

Kuna desturi moja ambayo naiona ya hatari kuliko zote: kupunguza upepo njiani kwa kuwa matairi "yamepata moto". Tairi likikimbia barabarani huongezeka PSI kadhaa, na mtengenezaji alikwisha kulihesabu ongezeko hilo alipoweka kiwango cha tairi baridi. Ukilipunguza likiwa la moto, utakuwa umelifanya lijikunje zaidi na lipate moto zaidi, na kesho asubuhi taa itawaka.

Ukishajaza matairi yote kwa kiwango, endesha gari kwa dakika kumi au zaidi. Katika magari mengi yenye sensa ndani ya tairi, taa itazimika yenyewe. Katika mfumo unaotumia sensa za ABS, na katika baadhi ya magari yenye sensa ndani ya tairi pia, itakubidi kutumia swichi iliyoandikwa SET au yenye mchoro wa tairi, ambayo mara nyingi iko chini ya usukani au ndani ya kisanduku cha mbele ya abiria. Kwenye magari mengi ya Toyota huishikilia swichi hadi taa ipepese polepole mara tatu. Usiibonyeze kabla ya kupima, kwa maana swichi hii haikuwekwa ili kuzima taa: inaiambia kompyuta kwamba hali iliyopo sasa ndiyo hali sahihi, na kuanzia hapo tairi lenye PSI 24 litahesabiwa kuwa ndilo lililojaa.

Taa ikirudi baada ya siku chache, kuna mahali panapovuja. Paka maji ya sabuni kwenye mdomo na shina la valvu, kwenye kashata zote, na pale tairi linapokutana na rimu, ambapo kutu au rimu iliyopinda kwenye shimo la barabara huachia upepo kidogo kidogo.

Taa inapopepesa

Hapa sababu ya kawaida ni betri ya sensa iliyokwisha. Betri hizo huishi miaka mitano hadi kumi, zimefungiwa ndani ya plastiki, na hazibadilishwi peke yake. Kenya hairuhusu kuingiza gari lililozidi miaka minane, na hata hivyo gari la miaka saba linalotua Mombasa leo limekwisha kula sehemu kubwa ya uhai wa sensa zake. Sababu nyingine ni kwamba magurudumu yalibadilishwa kabla gari halijauzwa, yakafungwa mengine yasiyo na sensa, au kwamba fundi aliingiza tyubu ndani ya tairi lisilohitaji tyubu, jambo linaloifanya sensa isiweze kufungwa wala kusoma. Masafa ya redio nayo huwapotosha wengi: magari mengi ya Marekani na ya Japani hutumia megahezi 315, ilhali ya Ulaya, na Uingereza ikiwemo, hutumia 433. Sensa nzuri kabisa ya gari la Uingereza haitasikika katika gari linalosikiliza 315. Kabla ya kutumia fedha, chomoa chaja ya simu, kamera ya dashibodi na taa za LED zilizoongezwa, kisha uendeshe tena, kwa sababu vifaa vya bei rahisi vya aina hiyo huweza kuvuruga mawasiliano ya sensa.

Kisha mtafute fundi mwenye kifaa cha mkononi kinachoamsha sensa na kuzisoma moja baada ya nyingine: namba yake ya utambulisho, upepo, na hali ya betri. Yachukue majibu ya zote nne na kuyaandika. Ikiwa moja imekufa na nyingine zina umri ule ule, ni nafuu kubadilisha zote kwa pamoja kuliko kung'oa matairi mara nne. Sensa mpya lazima isajiliwe kwenye kompyuta ya gari, ila zipo sensa zinazoweza kunakiliwa namba ya ile ya zamani, na hizo huondoa gharama ya usajili. Kwa gari la miaka mingi, mimi ningechagua hizo.

Mwambie fundi wa matairi mapema kwamba kuna sensa ndani, ili asibandue tairi upande ule wa valvu, kwani koleo au mashine huivunja kwa mgandamizo mmoja. Ubadilishaji wa tairi uambatane na kubadilisha mpira wa kuzibia shina. Kijiti cha ndani ya shina la alumini kiwe kilichopakwa nikeli, kwa sababu cha shaba tupu hushikana na alumini kwa kutu hadi siku ya kukitoa shina lote likatike. Kwa sababu hiyo hiyo tumia vifuniko vya plastiki. Gundi ya maji ya kuzibia pancha huweza kuziba tundu la sensa, hivyo ukilazimika kuitumia, sensa isafishwe tairi likifunguliwa.

Asiyetaka gharama hizo anaweza kufunga sensa ndogo za nje zinazokaa mahali pa kifuniko cha valvu na kuonyesha tarakimu kwenye kioo kidogo. Hufanya kazi vizuri, mradi zifungwe kwenye shina la chuma au la mpira lililo jipya, kwa sababu uzito wake hulitikisa shina la zamani hadi likapasuka. Nyingi huja na nati ya kuzibana ili zisiibwe, na kwa kuwa itabidi kuzifungua kila unapojaza upepo, spana yake ndogo ikae ndani ya gari pamoja na geji.