Shamba ulilonunua linauzwa tena? Jinsi ya kuomba zuio la muda kortini

Katika ofisi ya wakili ninakofanya kazi, simu za aina hii huingia Ijumaa jioni. Mtu wa Nairobi alinunua eka mbili Kajiado, akalipa sehemu kubwa ya bei, akarudi mjini kutafuta salio. Sasa jirani wa shamba amempigia: kuna watu wanapima, bikoni mpya, yaani alama za mipaka, zimeshapigwa. Anachotaka ni amri ya kuwasimamisha. Amri hiyo ipo, inaitwa zuio la muda, na inaombwa chini ya Agizo la 40 la Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za Kenya za mwaka 2010.

Kabla ya kwenda kortini, fanya upekuzi rasmi wa hatimiliki siku hiyo hiyo, mtandaoni au katika ofisi ya usajili wa ardhi. Ule uliofanya wakati wa kununua hausaidii. Jaji anataka kujua jina lililoko leo. Ukikuta bado ni la muuzaji, weka tahadhari kwenye rejista, kama inavyoruhusiwa na kifungu cha 71 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012. Tahadhari humzuia msajili asihamishe umiliki ukiwa hujui. Haimzuii mtu kuingiza trekta. Ndiyo maana zuio bado linahitajika.

Hapa sasa ndipo kesi nyingi za mashamba hufa. Ardhi ya kilimo iliyo chini ya Sheria ya Udhibiti wa Ardhi haiuzwi kwa mkataba na kupeana mikono tu. Lazima bodi ya ardhi itoe idhini, na ombi lake lipelekwe ndani ya miezi 6 tangu mkataba ufanywe, isipokuwa korti iongeze muda. Bila idhini, mauzo ni batili, na sheria yenyewe inasema mnunuzi anaweza kudai pesa zake kama deni. Wakili wa muuzaji atasoma kifungu hicho kwa raha zake, kisha aulize: kama haki yako ni kurudishiwa pesa, unazuia shamba la nini?

Jibu liwe tayari kabla hujawasilisha kesi. Kama idhini ipo, iambatishe. Kama miezi 6 haijaisha, peleka ombi la bodi sasa hivi. Na kama imepita, tazama ulichofanya shambani. Mahakama ya Rufaa, katika uamuzi wa 2014 na tena wa 2018, ilikubali kwamba muuzaji aliyepokea pesa na kumwachia mnunuzi shamba anaweza kuhesabiwa kuwa analishikilia kwa niaba yake, hata bila idhini ya bodi. Kwa hiyo ua uliojenga, kisima ulichochimba na mahindi uliyovuna ni ushahidi. Picha unazo? Zitafute.

Usikimbilie korti za Milimani, Nairobi, kwa sababu tu unakaa mtaa wa Umoja. Kesi ya ardhi hufunguliwa mahali ardhi ilipo: shamba la Kajiado huenda Kajiado, la Thika huenda Thika. Ikiwa thamani yake haizidi shilingi milioni 20, hakimu mkuu mwenye mamlaka ya kesi za ardhi anaweza kuisikiliza. Ikizidi, ni Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Zuio halisimami peke yake, huegemea kesi. Utaandaa hati ya madai pamoja na kiapo cha kuithibitisha, taarifa za mashahidi na nakala za nyaraka. Juu yake unaweka ilani ya ombi, cheti cha dharura na hati ya kiapo inayounga mkono ombi. Vyote huwasilishwa kupitia mfumo wa mtandaoni wa mahakama na ada hulipwa huko huko.

Kazi kubwa iko kwenye hati ya kiapo. Kuhusu mdaiwa, yaani yule unayemshtaki, wengi huandika, "Mdaiwa ni tapeli na ana nia mbaya." Hiyo haimwambii jaji kitu. Andika hivi: "Tarehe 4 Machi saa nne asubuhi nilikuta watu watatu wakichimbua bikoni upande wa barabara. Picha ni kiambatisho cha 3." Mkataba, risiti za benki na jumbe za M-Pesa zipewe namba, kisha uape mbele ya kamishna wa viapo. Na usifiche salio unalodaiwa. Ukiomba zuio bila upande wa pili kusikilizwa, kisha ukaficha jambo, likijulikana utapokonywa zuio hilo.

Jaji atapima mambo matatu, yaliyowekwa na kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973: kama una kesi yenye mashiko, kama utapata hasara isiyolipika kwa pesa, na akibaki na shaka, ni nani ataumia zaidi. Mara nyingi siku ya kwanza hutapata zuio kamili. Utaambiwa umpelekee mdaiwa hati, na pengine hali ibaki ilivyo hadi tarehe ya kusikilizwa. Usinung'unike, amri ya hali kubaki ilivyo pia inatiiwa.

Ukipewa zuio bila upande wa pili kusikilizwa, siku zinahesabiwa. Hutolewa kwa siku zisizozidi 14, na huweza kuongezwa mara moja tu, na lazima mdaiwa apelekewe ndani ya siku 3, la sivyo linakufa lenyewe. Hakikisha amri imechapwa, imetiwa sahihi na muhuri, kisha mtume mpelekaji hati aliyeidhinishwa na korti, naye aape kwamba amempa mdaiwa mkononi. Nakala nyingine ipeleke kwa msajili wa ardhi. Atakayekaidi anaweza kufungwa hadi miezi 6.

Zuio likithibitishwa baada ya pande zote kusikilizwa, andika tarehe hiyo kwenye kalenda ya ukutani. Kesi isipokwisha ndani ya miezi 12, zuio huanguka, isipokuwa korti iwe imeagiza vinginevyo kwa sababu ya kutosha. Ikitimia miezi kumi tangu tarehe hiyo, mpigie wakili wako.